Sakafu ya Mama Idrisa

Nilivua viatu mlangoni, na kabla sijamsalimia mtu yeyote nyayo zangu zilikuwa zimeshatambua nyumba. Mvua ilikuwa imenyesha tangu asubuhi, vichochoro vya mtaa wa Biryogo vilitiririka maji mekundu, na kila aliyeingia aliingia na baridi yake. Lakini sakafu ile haikuuma. Ilikuwa kavu, tulivu chini ya mguu, kama ubao wa kitanda. Viti vilikuwa vimetolewa na mikeka imetandikwa ukuta kwa ukuta, na wanawake walikaa wamenyoosha miguu, wengine wakisoma Kurani, wengine wakiwa wamechoka kulia na sasa wakizungumzia bei ya vitunguu. Mama Idrisa alikuwa amezikwa siku iliyotangulia. Bintiye mkubwa, Shamsa, alikuwa karibu na mlango wa jikoni. Aliponiona hakuinuka. Alisogea kidogo, akapiga mkeka kwa kiganja, nami nikaenda kukaa hapo. Nimefanya kazi ya habari maisha yangu yote, na kazi hiyo imenipa tabia ambayo hata msibani sikuweza kuiacha. Niliangalia nani yupo, nani hayupo, nani kakaa wapi. Nikaona kwamba Shamsa, peke yake katika chumba kizima, alikuwa ameweka mto chini ya magoti.

Nilipanga katika nyumba hiyo kwa mwaka mmoja, mwaka wangu wa kwanza Kigali, nilipokuja kusoma taarifa za Kiswahili redioni. Nilivyoondoka Tanzania na niliowaacha huko si habari ya sura hii. Nyumba ilikuwa na vyumba vitatu vilivyofuatana kama mabehewa. Cha mbele kilikuwa cha kushonea, cha kulia chakula, cha kuswalia na cha kupokea wageni. Cha kati alilala Mama Idrisa. Cha nyuma kilikuwa changu. Kuta hazikufika kwenye bati, hivyo kila neno lililosemwa mbele lilinifikia nyuma likiwa zima, pamoja na harufu ya chai ya tangawizi. Mwenye nyumba alikuwa mjane na fundi wa kanzu. Mtaa mzima ulimwita Mama Idrisa kwa jina la mwanawe wa kiume, ingawa Shamsa ndiye aliyezaliwa kwanza. Mimi aliniita Mtanzania, na alinirekebishia Kiswahili changu kila alipoweza, yeye aliyesema "hii nyumba iko yangu" na "lete ile maji" bila wasiwasi wowote. Kwa maoni yake sisi wa redio tulikuwa tunaongea kama watu waliovaa tai shingoni hata wakiwa wamelala.

Cherehani yake ilikuwa ya miguu, ya chuma cheusi, na aliikanyaga pekupeku. Hakuna aliyewahi kumfanya avae kiatu. Alisema kiatu kinamfanya kiziwi. Kwa unyayo alijua uzi unapokaribia kukatika, alijua kitambaa kinapokunjamana chini, alijua mkanda umelegea kabla mkono haujajua. Tatizo lilikuwa chini ya kanyagio. Nyumba ilijengwa kwenye mteremko, saruji ya sakafu ilimwagwa juu ya udongo mtupu, na wakati wa mvua sakafu ilitoa jasho. Asubuhi ungeweza kuandika jina lako juu yake kwa kidole. Baridi ilimpanda Mama Idrisa kutoka hapo, ikamwingia vifundoni, ikafika magotini, na mwaka ule miguu yake ilivimba mpaka ngozi ikang'aa. Hospitalini walimwambia ni baridi yabisi, na kwamba achague: au aache kuweka miguu juu ya sakafu ile, au ajiandae kuacha kutembea.

Shamsa alikuwa ameshamchagulia. Aliishi Gatsata na mumewe na watoto, katika nyumba mpya yenye vigae, na alikuwa ametenga chumba kwa ajili ya mama yake, kimepakwa rangi, kina pazia la maua. Alikuwa na kibanda cha vitambaa karibu na stendi ya Nyabugogo, na jioni akishafunga alipanda mpaka kwetu na chakula kwenye bakuli lililofungwa kwa kitambaa. Nikiwa chumbani kwangu nikisahihisha taarifa za kesho yake, niliwasikia. Shamsa hakupandisha sauti. Alimweleza mama yake kuhusu chumba, kuhusu choo cha ndani, kuhusu wajukuu. Mama Idrisa alijibu kwa mashine. Akikubali neno, mashine ilienda polepole. Akikataa, ilikimbia. Siku moja mashine ilisimama kabisa, na nikasikia sauti yake ikiwa ya chini kuliko kawaida.

"Gatsata nani ananijua, Shamsa? Nitakaa kwenye hiyo pazia lako, nasubiri munipe sahani. Hapa mutu anapita anasema, fundi, nipunguzie suruali. Siku hawataniita fundi, basi muje munizike."

"Na miguu, Mama?"

"Miguu iko yangu."

Walipatana, ikiwa ni kupatana, wiki ya kwanza ya Ramadhani. Mama Idrisa angeshona oda za Idi. Idi ikipita na uvimbe wa miguu haujapungua, atahamia Gatsata bila maneno, na cherehani itauzwa. Alilisema jambo hili la kuuza mwenyewe, kwa sauti kavu, kama mtu anayesoma tangazo la mtu mwingine.

Hapo ndipo Idrisa alipoingia na mabamba yake. Idrisa alikuwa kijana wa kucheka, mrefu, mkono wake mmoja daima ukiwa begani kwa mtu. Alifanya kazi na kampuni ndogo iliyojenga vyumba vya baridi vya kuhifadhia nyama na maziwa, na kazi ilipokwisha mahali fulani aliruhusiwa kuchukua mabaki: mabamba ya povu gumu, meupe, marefu kama mlango na mepesi kiasi kwamba alibeba rundo zima kichwani na upepo ukamyumbisha kichochoroni. Aliyaweka mlangoni na kutueleza. Katika chumba cha baridi, alisema, mabamba haya hulazwa chini ya saruji ili joto la ardhi lisiingie ndani. Basi, kama yanaweza kuzuia joto lisipande, yatashindwaje kuzuia baridi? Tutayalaza juu ya sakafu ya zamani, tutamwaga juu yake sakafu mpya, na Mama atakanyaga mashine yake mpaka achoke mwenyewe. Mama Idrisa aligonga bamba kwa kucha, akalinusa, akauliza kama panya wanalila. Shamsa aliangalia rundo lile kwa muda mrefu. Kisha akasema sawa, jaribuni, akashuka zake Nyabugogo.

Kazi ilifanywa na Idrisa na rafiki yake Kalisa, mwashi wa mtaani aliyekuwa na utani mwingi kuliko saruji. Walihamishia cherehani chumbani kwangu, ikabanwa kati ya kitanda na ukuta pasipo nafasi ya kuikanyaga, nami nikalala karibu nayo kama na mgeni mkimya. Chumba cha mbele kikabaki kitupu, na kikaonekana kidogo kuliko nilivyokijua. Walitandaza kwanza nailoni nzito juu ya sakafu ya zamani, kingo zake zikipanda ukutani, ili unyevu usipate njia. Juu yake wakalaza mabamba, wakihakikisha kwamba maungio hayafuatani, kama matofali ya ukuta, na wakayaziba kwa utepe. Pembezoni walikata vipande vyembamba vya povu na kuvisimamisha kuzunguka chumba, ili sakafu mpya isigusane na ukuta wenye maji. Walikata kwa kisu cha mkate cha Mama Idrisa, na punje nyeupe za povu zikaruka kila mahali. Tulizikuta kwenye mchele, kwenye nywele, ndani ya birika. Kisha nailoni nyingine, kisha wavu wa chuma, kisha mchanga na saruji vilivyochanganywa vikavu kiasi kwamba ukifinyanga kwa mkono donge linakaa. Kalisa alitembea juu ya mabamba akiyasikiliza yanavyolia.

"Mama," aliita kuelekea chumbani kwangu, ambako Mama Idrisa alikuwa amekaa ukingoni mwa kitanda changu akishona vifungo kwa mkono, "tunakujengea friji, tukuweke ndani."

"Basi muniweke juu, karibu na maziwa," alijibu bila kuinua macho.

Nilikuwa mlangoni, nimetoka zamu ya asubuhi, na niliona kila kitu kilichofanyika siku ile. Katika pembe ya chini ya chumba, ukutani, mahali ukuta unapokutana na sakafu, kulikuwa na tundu la ukubwa wa ngumi. Nyumba zote za zamani za mtaa ule zilikuwa nalo. Sakafu ya zamani ilielekea huko, kidogo tu, jicho lisingeona. Idrisa alipiga magoti mbele ya tundu lile, akaweka mkono, akahisi upepo. "Hapa ndipo baridi inaingilia," alisema, na akaliziba kwa povu, akalishindilia kwa mpini wa nyundo, kwa furaha ya mtu aliyemkamata mwizi. Chumba cha baridi hakiachwi na tundu. Wala hakiachwi na mteremko, maana mikokoteni ya kreti ingeserereka yenyewe. Hivyo waliposawazisha saruji, Idrisa alihangaika na pimamaji kutoka ukuta hadi ukuta, akimrudisha Kalisa mara kwa mara, mpaka kiputo kikakaa katikati kila upande. Wanaume walisimama mlangoni wakaisifu. Hakuna mtu katika chumba kile aliyewahi kukiosha.

Zikafuata siku za kungoja. Sakafu ilifunikwa kwa magunia mabichi, na Idrisa alikuja kuyanyunyizia maji kila alipotoka kazini, kama mtu anayetunza kitalu. Tuliishi vyumba vya nyuma, tukiingilia uani. Futari ilikuwa chumbani kwangu, kwenye sinia juu ya sanduku langu la nguo: tende, uji wa mtama, sambusa za jirani, ndizi zilizopikwa na maharage. Mimi nilikuwa Mkristo, lakini Mama Idrisa hakutaka kusikia kwamba nimekula saa saba mchana peke yangu, na baada ya siku chache nikaanza kungoja adhana pamoja nao, kwa sababu ya njaa zaidi kuliko heshima. Oda zilikuwa zimejaa kitandani kwangu. Kanzu zilizokatwa na hazijashonwa zilining'inia kwenye msumari, na wenyewe walipita dirishani kuuliza. Alifanya kwa mkono kilichowezekana kufanywa kwa mkono. Magunia yalipoondolewa, Idrisa aliomba sakafu iachwe tena, ikomae. Waliirudisha mashine ikiwa imebaki wiki moja Idi iingie, na chini ya kila mguu wake wa chuma Kalisa aliweka kipande cha ubao ili isididimie.

Nakumbuka alivyokaa jioni ile, adhana ya magharibi ikiwa imeshatoka. Alivua kandambili, akaweka unyayo mmoja sakafuni, pembeni ya kanyagio, akautuliza hapo. Shamsa alikuwa amesimama na bakuli lake la chakula, hajalitua. Nje mvua ilikuwa inapiga bati. Mama Idrisa aliweka unyayo wa pili. Tulingoja kama watu wanaomngoja mgonjwa aseme.

"Haiumi," alisema.

Idrisa alimkumbatia Kalisa. Shamsa alilitua bakuli mezani na kumwambia mama yake ale kabla chakula hakijapoa.

Wiki ile alishona mchana kutwa, na mashine ilikimbia nikaisikia mpaka redioni, au nilidhani naisikia. Miguu ilianza kupungua. Mifupa ya vifundo ilionekana tena, na alituonyesha kwa fahari kama msichana aliyevaa bangili. Asubuhi ya kuamkia sikukuu, nguo zote zikiwa zimechukuliwa, alisema nyumba ioshwe. Mtaa mzima ulikuwa unaosha. Milango ilikuwa wazi na maji ya sabuni yakimiminika kutoka kila ukuta kwenda mferejini. Shamsa alikuwa amekuja kusaidia, mabinti wa jirani wamekuja, samani ziko nje. Mama Idrisa alikuwa na mawazo yake juu ya usafi. Mahali pa kuswalia, alisema, panataka maji yanayopita. Kupangusa kwa kitambaa ni kuhamisha uchafu tu. Alijaza ndoo mwenyewe, akaiinamisha, maji yakaenea chumba kizima kwa sauti ile nzuri, na Shamsa akashika rakleti yake, fimbo ndefu yenye ulimi wa mpira, ayasukume kuelekea pembeni.

Maji yakafika pembeni na kurudi. Aliyasukuma tena, yakarudi. Sasa sote tuliyaangalia. Yalikuwa yamesimama katikati ya chumba, sawasawa, mbingu ya mlangoni ikionekana ndani yake, na hayakuwa na haraka ya kwenda popote. Tundu lilikuwa limezikwa. Mlangoni kulikuwa na kizingiti cha saruji, kilichowekwa zamani kuzuia mvua isiingie, na sasa kilizuia maji yasitoke. Mmoja wa mabinti alianza kucheka, akajizuia. Idrisa aliitwa. Alisimama na kuona, akashika kichwa, akasema atakuja na patasi, atatoboa ukuta kwa juu zaidi. Hata angetoboa ingekuwa kazi bure, maana sakafu haikuwa na mteremko wa kuyapeleka maji huko. Kulikuwa na njia moja tu, kuvunja na kuanza upya. Mama Idrisa alikuwa ameshakaa kwenye kiti chake, nyayo zake ndani ya maji.

"Hakuna mutu atavunja," alisema. "Miguu haiumi. Mara ya kwanza kutoka masika ya mwaka jana, haiumi. Muniache."

Shamsa aliegemeza rakleti ukutani, akakunja kitenge chake juu ya magoti, akapiga magoti. Alizamisha kitambaa, akakamulia kwenye ndoo. Akazamisha, akakamua. Nilisogea nimsaidie, akaniambia kwa upole kwamba nitachelewa kazini, na kweli nilikuwa nachelewa. Nilipoangalia nyuma kutoka kichochoroni alikuwa amefika katikati ya chumba, mgongo juu, akirudi kinyumenyume kuelekea mlangoni.

Mwaka wangu ulipokwisha nilipata chumba karibu na kazini, na baadaye kazi nyingine, na nyingine. Kigali ilibadilika mbele ya macho yangu. Nilipita Biryogo mara moja moja, nikiwa na haraka, na kila nilipopita mashine ilikuwa inasikika. Habari ya sakafu ile nimeisimulia mara nyingi, kwenye meza za chakula za Kiyovu, mtaa wa wenye nazo, kwa watu wanaopenda habari zenye mwisho mzuri. Niliisimulia ikiishia pale aliposema haiumi. Ni mwisho wa kweli. Alibaki nyumbani kwake, akabaki fundi, akashona mpaka macho yalipokataa, na miguu ilimbeba mpaka mwisho. Chumba cha Gatsata chenye pazia la maua, niliambiwa, kiliwekewa viazi.

Siku ya tatu ya msiba, baada ya kisomo, watu waliondoka na mikeka ikakunjwa. Tulibaki watatu: Idrisa, ambaye sasa ana kitambi na ndevu zenye mvi, Shamsa na mimi. Sakafu ilikuwa na alama za miguu ya watu wengi na punje za wali. Idrisa alitembea juu yake polepole, akigonga kwa kisigino hapa na pale.

"Haijapasuka," alisema. "Mnaona? Kalisa, Mungu amrehemu, alikuwa na mkono wa kazi. Ile sakafu ndiyo ilimtunza Mama."

Shamsa alikuwa amekwenda jikoni. Alirudi na ndoo, akiibeba kwa mikono miwili, mwili umeinama upande mmoja. Nikaelewa kwa nini mto ule ulikuwa chini ya magoti yake.

"Ilimtunza Mama," alisema. "Na yenyewe nani aliitunza?"

Idrisa alimtazama kama mtu aliyeulizwa kwa lugha asiyoijua. Shamsa hakuwa na hasira. Aliongea kama anavyoongea mtu anayepanga vyombo. Kila Ijumaa, alisema, kabla ya swala, ametoka Gatsata, amefunga kibanda siku ambayo watu wananunua, amepita Nyabugogo, amepanda huku. Mama anamwaga, yeye anakamua. Ana mimba, anakamua. Amefiwa na mume, anakamua. Mama alipoacha kushona alizidisha, maana alikuwa na muda wa kuona uchafu. Aliwahi kumwomba mama yake mara moja tu, wapanguse, wasimwage. Mama alinyamaza siku nzima.

"Nilimwambia Mama akae na mimi," alisema. "Ninyi mukamwekea povu."

Kisha akainamisha ndoo. Maji yalienea mpaka kwenye kuta, yakarudi, yakatulia katikati kama siku ile, mlango ukionekana ndani yake. Idrisa alitafuta kitambaa, akakipata kwenye dirisha, akasimama nacho katikati ya chumba, maji yakimfika vidoleni, asijue aanzie wapi. Nilikunja mikono ya gauni langu. Shamsa alikuwa ameshavaa viatu. Alikaa kwenye kizingiti, akaelekeza uso nje.

"Muyaache," alisema. "Leo yatakauka yenyewe."

Mvua ilikuwa imeanza tena. Maji yalichukua mpaka alasiri kukauka, na hakuna aliyeinama.